Baba Mkwe Atembezwa Tunduma

Asubuhi ile Erica aliisikiliza kesi yake mwenyewe akiwa bafuni. Hakuwa anaoga. Alisimama tu ndani ya lile bafu la mabati la uani, ndoo tupu miguuni, kwa sababu nyumba yao ya kupanga pale mtaa wa Sogea ilikuwa na mlango mmoja na geti moja, na katikati ya mlango na geti Watson, mumewe, alikuwa amemwekea baba yake kiti. Katika ukoo wa Mbonile, watu wa Mbebe kule milimani Ileje, mkamwana na baba mkwe hawaonani uso kwa uso. Hawali pamoja, hawatajani majina, na wakikutana njiani mmoja huacha njia. Sina haja ya kusema ni nani kati yao anayeingia kwenye matope.

Mzee Gwalugano Mbonile alikuwa amefika jana yake jioni, akalala kwa mzee Asajile, jirani mwenye nyumba pana, maana chini ya bati moja na mkamwana asingeweza kulala. Sasa alikuwa amekuja kusema alichotumwa.

"Hayo ni maneno ya kikao cha ukoo," alisema. "Mimi sikuyatunga. Baba yako mdogo Fanueli alikuja huku kuuza maharage, akamwona kwa macho yake. Mkeo anatembea barabarani na mwanaume mzungu, anamnyooshea vidole huku na huku, wanacheka. Kesho yake akamwona na wanaume wengine wawili. Wale hawakuwa hata wazungu."

"Ni wageni, tata," alisema Watson. "Ni kazi yake. Anawatembeza mji."

"Mji unatembezwa?"

"Watu wanakwama hapa mpakani, tata. Mwingine anasubiri mzigo, mwingine basi la kesho. Badala ya kukaa gesti kuhesabu nzi, wanamtafuta mama Brenda, anawazungusha kwa miguu saa mbili hivi, wanamlipa."

"Nilisikia watalii wanalipa kwenda kuona tembo. Hapa Tunduma tembo yuko wapi?"

"Hakuna tembo."

"Basi wanaona nini?"

Watson akatazama geti. Bafuni, Erica alifumba macho. Tangu kampuni ya uwakala wa forodha ilipopunguza watu, Watson akabaki wa kuitwa siku ya kuitwa, unga wa nyumba ile, kodi na ada ya shule ya mtoto wao Brenda vilitoka miguuni mwa Erica. Mwaka mzima mumewe alikuwa amekula mji huo, na leo hakuweza kusema una nini. Jambo hilo lilimuuma kuliko umbea wa Fanueli.

"Kikao kimesema hivi," mzee aliendelea. "Aiache hiyo kazi. Uliniambia jana ana wageni wengine kesho. Awaambie leo hii kwamba hayupo. Akikataa, mtafunga vyombo, mtarudi Mbebe kabla ya mvua za kupandia. Shamba lipo. Ukoo wetu haujawahi kuwa na mwanamke wa barabarani."

Neno hilo lilipita kwenye tundu za misumari ya mabati, likamfikia. Erica alikuwa binti wa Mbozi, wa watu wa kahawa, waliomlea ajibu akiulizwa na anyamaze akisemwa. Miaka tisa ya ndoa alikuwa amenyamaza. Aliingia kwenye matope kila alipopaswa kuingia. Lakini mwanamke wa barabarani hakuwa.

"Watson!" aliita kutoka bafuni.

"Naam."

"Mwambie baba, kule Mbebe watu wakigombea shamba, yeye hufanyaje kabla ya kuhukumu?"

"Tata, anauliza kule Mbebe watu wakigombea shamba..."

"Nimesikia," alisema mzee, kisha akakumbuka taratibu, akakohoa. "Mwambie huwa natembea mpaka kwanza. Nauzunguka na huyu, nauzunguka na yule. Siwezi kuhukumu shamba ambalo sijalikanyaga."

Hilo Mbebe nzima ililijua. Hakuna aliyewahi kumhonga Mzee Gwalugano, kwa kuwa aliwatembeza wagomvi kwenye umande hadi wenyewe wakachoka na uongo wao.

"Mwambie," ilisema sauti ya bafuni, "na leo akanyage."

Watson alifungua kinywa ayarudie maneno hayo, akaona uso wa baba yake, akakifunga. Upande wa pili wa ukuta mzee Asajile, ambaye hakualikwa kwenye kesi lakini hakuwa ameikosa, alicheka kwa sauti ya chini. Mzee Gwalugano aliitazama kofia yake iliyokuwa gotini, akaivaa.

"Mwambie avae," alisema.

*

Siku za kazi Erica huvaa suruali, raba na kizibao cha kijani chenye beji kifuani. Siku hiyo alivitazama vitu hivyo vikining'inia ukutani, akaviacha. Alijifunga kitenge, akajifunika kingine mabegani na kilemba kichwani, vyote vya bluu yenye mapambo ya njano. Kitenge hicho kilikuwa kimevuka kutoka Nakonde, upande wa Zambia, mwezi huo, na kwa jinsi kilivyopendwa ungedhani serikali ilikigawa bure. Alitaka baba mkwe akimwona kwa nyuma amwone mwanamke mwenye adabu zake.

Walipanga hivi: Erica atangulie, Watson awe katikati, mzee aje nyuma. Erica aseme, Watson apokee, afikishe. Hawakuwa wamefika barabara kuu simu ya Watson ikaita. Lori la mbolea lilikuwa limekwama kwa karatasi, walihitaji mtu wa kukimbia nazo, na kama yeye hawezi wapo wengine kumi wanaoweza.

"Nenda," alisema baba yake.

"Na ziara, tata?"

"Mwanaume haachi kazi kwa ajili ya matembezi. Nenda."

Watson alikuna kichwa. Kisha, kwa akili ya haraka iliyomshangaza hata mwenyewe, aliichukua simu ya baba yake, kile kiswaswadu cha tochi, akapiga namba ya mkewe.

"Tata, atatangulia. Wewe fuata nyuma, simu sikioni. Simu si uso."

Mzee alilitafakari jambo hilo kwa uzito wake. "Wazee hawakusema kitu kuhusu simu," alikubali.

"Hawakuwa na simu."

"Ndiyo maana hawakusema."

Erica, akiwa mbele na mgongo wake ukiwatazama, alipokea. "Shikamoo, baba," alisema.

Kwa mara ya kwanza tangu aolewe, sauti ya baba mkwe iliingia sikioni mwake bila kupitia kwa mtu. "Marahaba, mama Brenda. Haya. Nionyeshe."

*

Mwanzoni Erica aliongea kwa woga. Alisema Tunduma iko mkoa wa Songwe, jambo ambalo mzee alilijua kabla Erica hajazaliwa, na mkoa wenyewe haujapatikana. Mzee aliguna tu. Walipofika kwenye foleni ya malori, yaliyojipanga mkao wa ng'ombe wanaosubiri josho, Erica alisahau kuogopa. Kazi ilimshika.

"Sinyooshi kidole, baba. Tazama kulia kwako. Lori lenye turubai la kijani linakwenda Lubumbashi. La nyuma yake Ndola. Dereva wa hilo la kijani amelala hapa mpaka anaitwa mjomba na watoto wa mtaani. Sasa tazama yule dada wa chai, mwenye birika kubwa. Huyo ndiye anayejua lori gani litavuka leo, hata kabla mwenye lori hajajua."

"Anajuaje?"

"Dereva akiambiwa karatasi zimekamilika, analipa deni la chai. Haondoki na deni, kwa sababu atarudi."

Mzee alisimama. Alimtazama dada wa chai akipokea noti kwa dereva mmoja mnene, wakiagana kwa kicheko. Dakika chache baadaye lori la dereva huyo likanguruma. "Aisee," alisema Mzee Gwalugano kwenye simu.

Waliendelea hivyo, mwanamke mbele akiongea na simu, mzee nyuma akiitikia simu, na mtu asiyewajua asingedhani wanajuana. Vijana wa mikokoteni walimpisha Erica. "Mama Mitaa, leo peke yako?" waliuliza. "Niko na mgeni mkubwa," aliwajibu, na mzee nyuma aliisikia sauti hiyo mara mbili, hewani na sikioni. Mgeni mkubwa alinyoosha mgongo.

Walipofika relini Erica alisema, "Hii ni reli ya TAZARA, baba. Ilijengwa na Watanzania, Wazambia na Wachina..."

"Usinifundishe reli hiyo," mzee alimkatiza. "Mataruma yake nimeyabeba."

Erica nusura ageuke. "Baba?"

"Nilikuwa kijana. Nilitoroka nyumbani, baba yangu alikuwa ametaka nichunge. Tulibeba watu wanne kwa taruma moja, na Mchina mmoja mfupi anatuimbia ili tukanyage pamoja. Bega hili la kushoto halijawahi kurudi lilivyokuwa. Treni ya kwanza ilipopita nililia, mama Brenda. Mtu mzima nalia, na sijui nalia nini."

"Watson hajawahi kuniambia."

"Watson hajawahi kuniuliza."

Walisimama hapo kitambo, mzee upande huu wa reli, mkamwana ng'ambo, wamepeana migongo kwa heshima.

"Wageni wako waambie," alisema mzee. "Waambie na mimi nilikuwepo."

"Nitawaambia, baba. Ila jina siwezi kuwatajia."

Mzee alishika bega lake la kushoto. Kwa miaka tisa mwiko ule ulikuwa umemstarehesha. Leo, kwa mara ya kwanza, ulimnyima kitu.

*

Karibu na mpaka watu walizidi. Wabadilisha fedha walipiga kelele za kwacha, akina mama walivuka na mabeseni, bodaboda zilijipenyeza pasipo na nafasi. Erica alipunguza mwendo.

"Kushoto kwako, baba, kuna nyumba ya ukuta wa pinki. Jiko liko Tanzania, choo kiko Zambia."

Mzee alicheka, kicheko cha kweli, cha tumboni. "Na mtu akifia chooni azikwe wapi?"

"Wageni wote wanauliza hivyo hivyo, baba."

Basi kicheko hicho ndicho kilikuwa cha mwisho kupita simuni. Kuna jambo ambalo Erica huwaambia wageni wake mwanzoni kabisa: mkikaribia mpaka simu zenu zitarukia mtandao wa Zambia na kukatika, msishtuke, nipo hapa pembeni. Leo, kwa ile hofu ya asubuhi, alisahau kusema. Tena leo hakuwa pembeni.

Mzee Gwalugano alisikia mlio, kisha ukimya. Aliitikisa simu, akaiangalia, akaiweka tena sikioni. Kati yake na mkamwana lori lilikatiza, refu, pole pole, na lilipopita alikiona kitenge cha bluu chenye mapambo ya njano kikienda mbele kwa mwendo wa kujiamini. Akakifuata. Kilikata kona, naye akakata. Kilipita kati ya vibanda viwili, naye akapita. Aliendelea kukazia macho pindo la kitenge, chini, kama adabu inavyotaka, na adabu hiyo ikamvusha mpaka wa nchi bila yeye kujua.

Kitenge kilisimama ghafla, kikageuka. Kilikuwa na mama mnene mwenye beseni la nyanya kichwani.

"Bashikulu," alisema, yaani babu, kwa Kiswahili cha ng'ambo, "mbona unanifuata tangu kule sokoni? Nikisimama unasimama. Nikienda unaenda. Unataka nini kwangu?"

"Samahani, mama. Nilidhani ni mkwe wangu."

"Mkwe wako? Mimi?"

Watu hawachelewi kujaa Nakonde, kama wasivyochelewa Tunduma. "Kuna nini?" "Mzee anafuata wanawake." "Na mvi zote hizo?" Mmoja alimvuta mkono wa koti. Mzee Gwalugano, ambaye Mbebe akikohoa tu watu hunyamaza, alijikuta katikati ya vicheko. Askari wa upande ule alikuja, kijana mrefu, mpole kwa sauti lakini si kwa macho, akampeleka kwenye benchi chini ya kibanda.

"Kibali cha kuvuka?"

"Kuvuka wapi?"

"Mzee, uko Zambia."

Mzee aliitazama ardhi chini ya viatu vyake. Ilikuwa nyekundu ile ile.

"Umekuja na nani?"

"Na mkwe wangu. Mke wa mwanangu."

"Anaitwa nani?"

"Mama Brenda."

"Mama Brenda hapa wako wengi kama mawe. Jina lake?"

"Hatutajani majina."

Askari alimtazama. "Sawa. Anafananaje? Mweusi, mweupe, mrefu? Nimtume mtu amtafute."

Mzee alifungua kinywa. Alitafuta sura ndani ya miaka tisa, akapata visigino, pindo za nguo, na mlango unaofungwa. Mwanamke huyo alikuwa amemzalia mjukuu. Mzee alipougua henia, ni yeye aliyetuma fedha za hospitali. Na hakujua kama ana uso mrefu au wa duara.

"Sijui," alisema. "Simjui sura."

Watu waliangua kicheko, na mama wa nyanya alicheka kuliko wote. Mzee alivua kofia, akaishika kwa mikono miwili. Aibu ilimshika barabara, na kwa jinsi alivyokuwa mtu wa haki, aliona sawasawa ni ya nani. Alikuwa amekuja kumhukumu mtu kwa kuonekana barabarani, na yeye mwenyewe alikuwa ameonekana barabarani.

*

Erica aliongea na simu mfu kwa hatua kadhaa kabla ya kugundua. "Baba? Baba?" Alisimama. Nyuma yake kulikuwa na mji mzima, na ndani yake, pengine, baba mkwe, macho yakiwa upande wake. Akigeuka atakuwa amemwangalia. Asipogeuka je? Aligeuka. Hakuwepo.

Wageni amewahi kuwapoteza, mmoja mmoja, wakarudi na picha zao. Huyu hakuwa mgeni. Akipotea huyu, au akigongwa, Mbebe hawatauliza kuhusu mtandao.

Alimkimbilia Deus, mbadilisha fedha anayekaa kwenye ndoo iliyopinduliwa. "Deus, umemwona mzee? Koti la kahawia, kofia ya pama, simu sikioni?"

"Anaitwaje, Mama Mitaa? Tumpigie kelele."

"Siwezi kumtaja."

"Umemsahau jina?"

"Ni baba mkwe wangu."

Deus, mtu wa Rungwe kwa mama yake, ambako mwiko huo nao upo, hakuuliza zaidi. Alisimama juu ya ndoo, akapiga mbinja. Mbinja ikajibiwa upande wa pili. Ilipita kutoka kwa mbadilisha fedha kwenda kwa mwenye mkokoteni, kutoka kwa mwenye mkokoteni kwenda kwa muuza kadi za simu, nchi moja hadi nyingine, bila kibali. Mji huo Erica alikuwa ameutembea kila kona, akamsalimu kila aliyekaa kwenye kona hizo, na leo ulimsimamia. Jibu lilirudi kabla jasho halijamfika shingoni.

"Yuko ng'ambo, kwa askari," alisema Deus. Alisita. "Wanasema alikuwa anafuata wanawake."

Erica alikimbia.

Alipofika aliona koti la kahawia kwa pembe ya jicho, na mwili wake, uliozoea, ukageuka wenyewe. Alisimama akiwapa benchi mgongo, ncha ya kitenge usoni.

"Mama Mitaa!" askari alishangaa. "Mzee ni wako? Sasa mbona hakusema? Hapa nani hakujui?"

"Ni wangu, afande. Naomba radhi. Nimekosea mimi."

"Hebu mtazame vizuri, umtaje jina. Mama huyu amelalamika, siwezi kumtoa mtu kwa mtu asiyemtazama."

"Ndiye, afande."

"Hujamwona! Umetazama ukuta!"

Watu walicheka tena.

"Ni mwiko wetu," alisema Erica. "Simtazami, wala simtaji."

Askari alikuna shavu. Hakuwa mtu mbaya, alikuwa tu kazini. "Mama Mitaa," alisema, "mwiko wenu uko Tanzania. Hapa ni Zambia."

Benchi lililia. Mzee Gwalugano alikuwa amesimama.

"Erica," alisema.

Alilitamka pole pole.

"Erica. Geuka, mwanangu."

Aligeuka. Walitazamana. Mzee aliona uso wa duara, mweusi, wenye kovu dogo juu ya nyusi, jasho kidevuni na macho yaliyojaa machozi ambayo mwenyewe aliyazuia yasidondoke. Erica aliona kwamba Watson atakapozeeka atakuwa hivyo hivyo, na kwamba mzee naye alikuwa karibu kulia.

"Afande," alisema mzee, akageukia watu wote, kwa sauti ile ya baraza la Mbebe, "huyu ni Erica, mke wa mwanangu Watson. Nilitumwa nimkataze kazi yake. Nimetembea naye tangu asubuhi, na mji wenu wote unamsalimu. Aliyepotea ni mimi." Akamgeukia. "Nitaje na wewe."

"Baba..."

"Nitaje. Nimekuruhusu."

Erica alifuta uso kwa ncha ya kitenge, akanyoosha mabega kama anavyofanya mbele ya wageni wake. Alisema wazi, ili hata wa nyuma wasikie.

"Huyu ni Mzee Gwalugano Mbonile, wa Mbebe, Ileje. Reli mnayopanda kwenda Kapiri, mataruma yake alibeba yeye, begani."

Hakuna aliyecheka. Mama wa nyanya aliweka beseni chini, akapiga magoti na makofi ya heshima, "Bashikulu, mniwie radhi," akamwekea mzee nyanya kwenye kofia hadi kofia ikajaa. Askari aliwasindikiza mwenyewe hadi mpakani. Njiani alimuuliza mzee kama ni kweli walibeba kwa mikono, na mzee akamwambia ashike bega la kushoto ahisi.

*

Watson alikuwa amerudi. Alikaa getini, mikono ikinuka mbolea, akiwaza namna ya kumwombea mkewe hata siku mbili tatu. Aliponyanyua macho aliwaona wakija mtaani bega kwa bega, mzee akibeba kofia ya nyanya, mkewe akinyoosha kidole huku na huku, wanacheka. Alisimama. Alichukua kiti akiweke mahali pake, akakosa mahali.

"Tata," alinong'ona, "mwiko..."

"Mwiko niliurithi mimi, nitaujibia mimi. Kaa chini."

Erica aliingia ndani kupitia mbele ya baba mkwe, wazi wazi, na jirani Asajile aliyekuwa akichungulia juu ya ukuta nusura adondoke. Alitoka na jagi la maji na beseni, akamnawisha mzee mikono. Watson aliyatazama hayo bila kuelewa ni nani aliyeshinda, na maskini alitaka kujua, maana kazi ya kupeleka ujumbe ilikuwa yake.

"Tata, wageni wa kesho. Nimwambie awaahirishe?"

"Usimwambie kitu. Mimi na mkeo tunaongea wenyewe." Mzee alikausha mikono. "Fanueli ndiye utakayempigia simu. Mwambie kikao kije. Kije Tunduma, chote, kivae viatu vya kutembelea, na kilipe kama watu wengine."

Watson alimtazama mkewe. Erica alikuwa ameinama kumwaga maji. Alijiinua, beseni mkononi, akamtazama baba mkwe usoni.

"Bei ya ndugu, baba, au ya wageni?"

"Ya wageni," alisema Mzee Gwalugano. "Fanueli mwongezee."